Kusoma Vidole
*Hotuba kwa wazazi na vijana wetu wanaocheza futiboli ya Kimarekani, chakula cha jioni cha kufunga msimu, Brooklyn Park, Minnesota*

Wazazi wenzangu, akina mama mlioomba ruhusa kazini ili muwe hapa, wazee wetu, na nyinyi wanangu mliovaa jezi juu ya mashati ya kanisani, hamjambo. Asanteni kwa kuja kwenye baridi hii.

Nimeombwa niseme kuhusu mchezo huu, na niseme kwa Kiswahili, kwa sababu wengi wetu tumekaa kwenye mabenchi ya uwanja wa shule misimu miwili mitatu sasa. Tunasimama wengine wakisimama, tunashangilia wengine wakishangilia, na tukirudi kwenye gari tunamuuliza mtoto, "Sasa pale mlikuwa mnafanya nini?" Watoto wetu wengi wanachezeshwa safu ya mbele ya ulinzi, kule kunakogongana miili. Kocha akiona kijana mrefu mwenye mabega humpeleka huko. Kwa hiyo nitazungumzia kazi hiyo, na mtu mmoja aliyeifanya hapa hapa Minnesota, Alan Page.

Nitaanza na mkono. Mkifika nyumbani leo, mwambieni kijana ainame kama anavyoinama uwanjani. Ataweka vidole vya mkono mmoja chini, atainua kiuno, uso mbele. Upande wa pili, umbali mfupi tu, kama urefu wa mpira wenyewe, ameinama mtu mwingine mwenye kilo mia na zaidi ambaye kazi yake ni kumzuia asipite. Kijana wako hamtazami yule mtu machoni, maana macho hudanganya. Anatazama vidole. Vikiwa vimekandamiza nyasi mpaka kucha zimebadilika rangi, ujue uzito wote uko mbele, mtu anakuja kusukuma, na mpira utabebwa mbio. Vikiwa vinagusa nyasi kwa wepesi tu, uzito umebaki nyuma, mtu huyo atarudi kinyumenyume kumkinga kotabeki, yule anayeongoza mashambulizi na kurusha mpira, na mpira utarushwa. Hayo yote yanatakiwa yajulikane kabla mpira haujatikisika. Na sauti ya kotabeki isifuatwe, kwa sababu anapaza sauti makusudi ili akuvute utoke mapema upigiwe filimbi. Kinachofuatwa ni mpira. Ukitikisika, umeshaondoka.

Mimi nilikuwa nikiamini kwamba ni kazi ya nguvu tu. Mwanangu ndiye aliyenieleza, jikoni, ugali uko mezani, akiniwekea vidole vyake juu ya kitambaa cha meza: hivi ni kusukuma, hivi ni kukinga. Halafu akasema, "Baba, hii kazi ni kusoma." Nimelibeba neno hilo tangu siku ile. Ndilo lililonifanya nianze kufuatilia habari za Alan Page.

Alizaliwa mwaka 1945 huko Canton, Ohio, mji wa viwanda vya chuma. Mama yake alifariki yeye akiwa na miaka 13. Wazazi wake walikuwa wamewafundisha watoto wao kwamba shule ndiyo njia ya kutoka, na yeye tangu mdogo alikuwa akisema atakuwa mwanasheria. Alipokuwa kijana alipata kibarua cha ujenzi mjini kwao, kwenye jumba lililokuwa likijengwa la kuwaheshimu wachezaji bora wa futiboli wa nchi nzima. Jumba hilo lilifunguliwa mwaka 1963. Shikeni hilo, tutarudi Canton.

Alikwenda Chuo Kikuu cha Notre Dame, timu yao ikawa bingwa wa taifa mwaka 1966, na mwaka uliofuata akahitimu shahada ya sayansi ya siasa. Mwaka huo huo wa 1967 timu ya Minnesota Vikings ilimchukua katika raundi ya kwanza ya timu za ligi kuchagua wachezaji wapya, mtu wa 15. Akajiandikisha pia shule ya sheria hapa, akahudhuria kama wiki tatu, akaacha. Nalitaja hilo kwa ajili ya kijana yeyote aliyeanza kitu akashindwa. Mtu huyo alikuja kuwa jaji, na mara ya kwanza hakumaliza hata mwezi.

Mnaijua Mall of America. Wengine wenu mmefanya kazi pale, na karibu wote tumewapeleka watoto kwenye bembea za ndani. Palipo na maduka yale palikuwa na uwanja, Metropolitan Stadium, usio na paa, na hapo ndipo Vikings walipocheza mpaka mwaka 1981. Desemba ya Minnesota mnaijua. Kocha wao, Bud Grant, alikataa wachezaji wake wawekewe vyombo vya kupasha joto pembeni mwa uwanja. Timu za kusini zilikuja zikakusanyika kwenye moto wao, upande wa pili watu wamesimama tu kwenye theluji. Katika baridi hiyo Alan Page aliweka vidole chini kwa miaka 11 na kidogo.

Safu yao ilikuwa ya watu wanne: Page, Carl Eller, Jim Marshall na Gary Larsen. Waliitwa Wala Watu wa Zambarau, kwa sababu ya rangi ya jezi na kwa sababu ya walichowafanyia makotabeki. Msimu wa 1969 Vikings walicheza michezo 14 na kufungwa pointi 133 tu. Gawanyeni wenyewe: haifiki pointi 10 kwa mchezo. Vijana, mnajua msimu huu tulifungwa ngapi, sina haja ya kusema.

Na Page hakuwa mkubwa kuwashinda wenzake. Alikuwa mrefu, mita 1.93 hivi, na kilo kama 111, lakini alicheza ndani kabisa, katikati ya msongamano, ambako kwa kawaida huwekwa wazito. Silaha yake ilikuwa hatua ya kwanza. Alisoma, akaondoka, na yule wa kumzuia alipoinua mikono alikuta ameshapitwa. Mwaka 1971 alichaguliwa mchezaji bora wa ligi nzima. Tuzo hiyo hupewa karibu kila mara mrushaji au mkimbiaji, watu wanaogusa mpira. Page alikuwa mlinzi wa kwanza kuipata, na tangu hapo ni mlinzi mmoja tu mwingine aliyeipata, Lawrence Taylor, mwaka 1986. Mwaka huo wa 1971 kuna mchezo dhidi ya Detroit ambao watu bado wanausimulia. Waamuzi walimpigia makosa mawili ambayo yeye hakukubaliana nayo. Hakugombana nao. Alirudi kwenye mstari, akaweka mkono chini, na kwa dakika zilizofuata Detroit hawakuweza kufanya lolote, kila mpira unapotoka na yeye yuko nyuma ya mstari wao.

Lakini kilichonifanya nimheshimu mtu huyu hakikutokea uwanjani. Alikisimulia mwenyewe baadaye. Walikuwa kwenye chumba cha mikutano, walinzi wa mbele wa Vikings. Kila timu ina kitabu cha mbinu, kinene, michoro na maelezo, na kila mchezaji hupewa chake. Siku hiyo kocha akawaambia wasome kwa sauti, mmoja baada ya mwingine. Page akasikiliza. Baadhi walisoma vizuri. Wengine walikwama kwama. Na wengine hawakuweza kusoma kabisa.

Naomba tukae hapo kidogo, maana mimi nilipolijua hilo sikulala vizuri. Hawa walikuwa watu wazima waliopita shule ya msingi, sekondari na miaka minne ya chuo kikuu. Wamepita mikononi mwa walimu wangapi? Kila mwalimu aliona mabega, akaona Jumamosi ya mechi, akampitisha. Walikuwa na uwezo wa kusoma vidole vya mtu kwa nusu sekunde, halafu ukurasa wa kitabu cha kazi yao wenyewe ukawashinda. Hawakuwa wajinga. Mtu anayeweza kukumbuka miundo mia ya mchezo bila kusoma hata mmoja ana akili nyingi kuliko sisi wengi humu. Walinyang'anywa, na walionyang'anya walikuwa wakiwapigia makofi.

Page alisema chumba kile ndicho kilichomfanya aone mambo kwa namna nyingine. Mwaka 1975, akiwa bado mchezaji wa Vikings, bado anaanza kila mchezo, alirudi shule ya sheria, safari hii Chuo Kikuu cha Minnesota. Alimaliza mwaka 1978. Mwenye kazi mbili humu ndani anaelewa hilo lina maana gani. Unatoka zamu mwili unauma, unafungua daftari.

Katika miaka hiyo hiyo alianza kukimbia. Mkewe, Diane, alikuwa akikimbia ili aache sigara, naye akajiunga naye. Akaupenda. Akaanza kukimbia masafa marefu na mwili ukapungua, kutoka kilo 111 mpaka kama 102. Timu haikufurahi. Mlinzi wa mbele anatakiwa awe mzito, ndivyo walivyoona. Oktoba 1978 Vikings wakamwacha katikati ya msimu. Chicago Bears wakamchukua kwa ada ya dola 100. Mchezaji bora wa ligi nzima wa mwaka 1971, dola 100. Akacheza Chicago mpaka mwisho wa 1981, na mwaka 1979 akawa mchezaji wa kwanza wa ligi hiyo kukamilisha marathoni akiwa bado anacheza. Alipostaafu alikuwa amecheza michezo 218 mfululizo bila kukosa hata mmoja. Vikings walifika Super Bowl, fainali ya ligi, mara nne akiwa nao, wakapoteza zote nne. Nimewahi kusikia watu wakilitaja hilo kana kwamba ndilo jambo kubwa la maisha yake.

Wazazi, kuhusu mwili, lazima niseme wazi, kwa sababu mimi pia nilitia saini ile fomu ya ruhusa. Mwaka 2017 watafiti wa Chuo Kikuu cha Boston walitoa matokeo ya kuchunguza bongo za wachezaji waliofariki. Kati ya 111 waliowahi kucheza NFL, ile ligi kuu aliyocheza Page, 110 walikuwa na ugonjwa wa ubongo unaotokana na kugongwa kichwa mara kwa mara. Ni kweli kwamba bongo hizo zilitolewa na familia, nyingi zikiwa zimeshaona dalili, kwa hiyo hatuwezi kusema wachezaji wote wako hivyo. Lakini hatuwezi pia kufunga macho. Na wanaocheza safu ya mbele wana shida yao ya pekee: hawapati lile pigo moja kubwa la kuzimia, wanapata mapigo madogo kila mpira unapotoka, mazoezini na kwenye mechi, bila mtu kuyahesabu. Kijana akikuambia kichwa kinamuuma, au taa zinamkera, au amesahau alichokula, usimwambie avumilie kwa sababu Ijumaa kuna mechi. Mpeleke kwa daktari. Mechi ya Ijumaa itapita bila yeye.

Na lile neno linalosemwa nusu mchezo nusu kweli tukikutana, kwamba huyu mtoto atatununulia nyumba Nairobi, naomba tuliache. Vijana wanalisikia. Kati ya wachezaji 100 wa vyuo vikuu hawafiki 2 wanaoingia NFL, na wengi wanaoingia hawamalizi miaka minne. Mtoto wa miaka 16 aliyebebeshwa nyumba ya familia hawezi kumwambia kocha kwamba kichwa kinauma.

Sasa turudi Canton, kama nilivyoahidi. Mwaka 1988 Page aliingizwa katika jumba lile lile alilofanya kibarua cha kulijenga. Desturi ni kwamba anayeingizwa huchagua mtu wa kumtambulisha, na wengi huchagua kocha au mchezaji mwenzao. Page alimchagua mwalimu mkuu wa shule ya sekondari ya North hapa Minneapolis, Willarene Beasley. Alipopewa nafasi ya kusema, mbele ya mashabiki waliokuja kusikia habari za mpira, alizungumzia elimu. Alikumbuka kile chumba cha mikutano na watu waliokuwa wamekaa kwenye viti vile.

Mwaka huo huo, yeye na Diane waliunda mfuko wa kuwasaidia wanafunzi wa Minnesota, weusi na wa jamii nyingine zilizoachwa nyuma, kulipia masomo ya juu. Sharti lake ndilo ninalolipenda: anayepewa pesa hana budi kwenda kukaa na watoto wadogo wa shule, kuwasomea na kuwasaidia, mwaka mzima wa masomo. Yaani mtoto wa darasa la pili anamwona mtu mzima mweusi anayesoma, tena anamwona mara kwa mara, mpaka linakuwa jambo la kawaida kama mvua.

Kazi yake ya sheria aliifanya kwanza katika kampuni ya mawakili, halafu kwa miaka mingi katika ofisi ya Mwanasheria Mkuu wa jimbo. Mwaka 1992 alitaka kugombea kiti katika Mahakama ya Juu ya Minnesota. Majaji wa hapa hupigiwa kura, lakini gavana alikuwa ameongeza muda wa jaji aliyekuwapo ili uchaguzi usifanyike. Page akaenda mahakamani, akashinda kesi, uchaguzi ukafanyika, na akashinda kiti pia. Januari 1993 aliapishwa, mtu mweusi wa kwanza kukaa katika mahakama hiyo. Alikaa hapo mpaka mwaka 2015 alipofikisha miaka 70, umri ambao sheria humtaka jaji aondoke. Miaka 22. Alikuwa jaji kwa muda mrefu kuliko alivyokuwa mchezaji, na mimi nikitajiwa jina lake namwona kwanza na joho na tai yake ya kipepeo.

Mwaka 2017 shule moja ya Minneapolis ilipewa jina lake. Ilikuwa na jina la gavana wa zamani aliyetaka Wadakota, wenyeji wa asili wa hapa, wamalizwe au wafukuzwe katika jimbo hili, na wanafunzi wenyewe ndio walioanzisha harakati za kulibadilisha.

Ana kidole kimoja, wanangu, kile kidogo cha mwisho. Kiliteguka uwanjani, na hakikurudi sawa. Kimepinda, kimetoka pembeni kabisa, kama tawi lililokataa kufuata mti. Kwa miaka alikuwa akienda madarasani kuzungumza na watoto kuhusu shule na sheria, na swali wanalouliza mara kwa mara ni la kidole. Akakionyesha. Alipopata nafasi ya kuwaeleza watoto habari zake, alianzia hapo hapo kwenye kidole, kwa sababu ndipo macho yao yalipo. Mwanangu naye ana kidole cha kati kilichovimba kwenye kiungo tangu Septemba. Kila nikimwona anashika kalamu nakumbuka hilo.

Na wale mtakaosimama barabarani siku ya marathoni ya Twin Cities kuwashangilia Wakenya wetu wakipita mbele, tazameni pembeni pia. Kwa miaka mingi Page amekuwa akisimama njiani na tarumbeta lile kubwa linalozunguka mwili mzima, anawapulizia wakimbiaji. Anawapulizia wa mbele, na anaendelea kupuliza mpaka wanapopita wale watakaotumia saa sita kumaliza, wanaoburuta miguu.

Namalizia na ombi. Tumekubaliana na mchungaji kwamba kuanzia Jumamosi ya wiki ijayo, saa nne asubuhi, ukumbi huu utakuwa wazi. Kila kijana wa safu ya mbele, wa ulinzi na wa ushambuliaji, atakaa na mtoto mmoja wa darasa la kwanza mpaka la tatu, wasome pamoja kwa muda wa saa moja. Vijana 11 wameshaandika majina yao kwenye karatasi pale mlangoni. Vitabu vya Kiingereza tunavyo kwenye kabati, vya Kiswahili tunavyo vinne tu, kwa hiyo mwenye navyo nyumbani avilete. Watoto walioandikishwa mpaka sasa ni 17, maana yake tumepungukiwa wasomaji 6, na hapo wazazi mnaweza kujaza. Tunahitaji pia watu wawili wa kuandaa chai na mandazi, na mtu mmoja mwenye gari kubwa wa kuwapitia watoto wa yale majengo ya upande wa pili wa barabara. Kalamu iko pale pale mlangoni.